Usikiri Kosa la Lebo Usiyoichapa

Ukiwa na duka Ekerenyo, Ikonge au Nyamusi, na siku moja ukajikuta kizimbani kwa sababu ya bidhaa yenye alama isiyo halali ya KEBS, shirika la viwango la Kenya, usijidanganye kwamba rufaa yako iko mikononi mwa jaji. Iko mdomoni mwako, asubuhi ileile ya kwanza, hakimu akikuuliza kama mashtaka ni kweli au si kweli. Ukijibu "ni kweli", rufaa imekwisha kufa kabla hujaikata.

Nayasema haya kwa kuwa nimeishi na mafaili. Nilikuwa karani wa mahakama hadi nikastaafu, na mafao yangu nikayatia kwenye kibanda cha kompyuta hapa Ekerenyo, ng'ambo ya steji ya Probox za Nyamira. Natoa nakala, napiga picha za pasipoti, najazia watu fomu za KRA na za eCitizen. Anayetaka kukata rufaa na hana pesa za wakili hunijia nimpigie chapa ombi lake. Mimi si wakili na sijifanyi wakili. Maneno ni yake, vidole ni vyangu. Kwenye mashine hiyohiyo nachapa lebo: za asali, za mtindi, za sabuni ya maji. Kwa hiyo nakutana na watu wa pande mbili. Kuna anayekuja kutaka nimwekee alama ya KEBS, na kuna anayekuja baada ya kuhukumiwa kwa ajili yake.

"Karani, hapo chini niwekee na ile ya KEBS." Ombi hilo nalisikia sana, na mara nyingi anayelitoa hana nia mbaya hata chembe. Ni kijana anayekaanga krispi za ndizi, maana ndizi zetu huozea shambani bei ikianguka Daraja Mbili. Ni kina mama wa chama wanaosaga njugu karanga na kuzitia kwenye chupa. Wameambiwa na meneja wa supamaketi mjini Kisii kwamba bidhaa isiyo na alama haipandi kwenye rafu, basi wakaichukulia alama kuwa pambo la lebo, sawa na picha ya nyuki kwenye chupa ya asali. Nikiuliza kibali kiko wapi, najibiwa, "Hicho tutakifuata baadaye."

Kuna kijana aliyeniletea mchoro wake ukiwa tayari kwenye flashi. Lebo ilikuwa nzuri, rangi zimepangwa, uzito umeandikwa, hata tarehe ya kuharibika imeachiwa nafasi. Nikaikuza ile alama kwenye skrini hadi nambari iliyo chini yake ikasomeka. Nikachukua simu, nikaandika SM#, nikafuatisha nambari ile, nikatuma kwa 20023, nambari ya KEBS ya kuhakiki vibali. Jibu likaja na jina la kampuni ya maji ya chupa. Alikuwa ameinyofoa alama kwenye picha ya intaneti, na nambari ya wenyewe ikaja nayo. Alicheka, kisha akanyamaza, kisha akaniuliza kama siwezi kuifuta nambari nikamwachia alama. Nilimrudishia flashi yake.

KEBS iliundwa mwaka 1974 chini ya Sheria ya Viwango, Sura ya 496, na alama ile ni ya shirika hilo, si ya mtengenezaji. Mtengenezaji huomba, afisa huja kukagua anapotengenezea, sampuli hupelekwa maabara, naye akifaulu hupewa kibali chenye nambari. Kibali ni cha bidhaa ile na cha mtengenezaji yule, na kina siku yake ya kuisha. Ukipewa cha asali, njugu zako hazimo. Bidhaa zinazoingizwa kutoka nje zina stika yao, ISM. Unga na mafuta ya kupikia yaliyoongezwa virutubisho yana alama nyingine juu ya hiyo. Kuitumia alama pasipo kibali ni kosa la jinai. Si jambo la kuitwa kwa chifu ukaonywa ukarudi nyumbani.

Tabu ni kwamba kosa hilo moja hukusanya watu wasiofanana kabisa. Yuko mlaghai aliyekaa chini akachapisha maelfu ya lebo huku akijua kilichomo ndani ya chupa hakijapita maabara yoyote. Yuko mtengenezaji mdogo ambaye kibali chake kiliisha muda, hakupata nauli na ada ya kukihuisha, akaendelea kutumia roli la lebo lililobaki. Halafu yuko muuza duka, aliyenunua katoni iliyofungwa, akaifungua, akapanga chupa kwenye rafu. Uzito wa makosa yao haulingani, lakini kwenye seli wote hulala sakafu moja, na karatasi ya mashtaka ya mmoja aghalabu hufanana na ya mwenzake neno kwa neno.

Mama mmoja muuza duka, ambaye sitamtaja wala kuitaja mahakama aliyofikishwa, alinunua katoni za mafuta ya kupikia kutoka kwa gari lililokuwa likipita duka kwa duka. Bei ilikuwa chini kidogo ya ile ya Kisii, si chini ya kumtia mtu shaka. Risiti aliyopewa ilikuwa kipande cha karatasi kisicho na jina wala simu. Wakaguzi wakaja na polisi, wakasoma nambari, wakabeba katoni, naye wakambeba. Kesho yake akasomewa shtaka la kutumia alama ya ubora bila kibali. Akajibu, "Ni kweli."

Alipokuja kwangu na binti yake, nilimuuliza alikiri nini hasa.

"Si mafuta walinikuta nayo, Karani? Ningekanaje?"

Alikiri kukutwa na mafuta, na hakuna aliyemshtaki kwa kukutwa na mafuta. Alishtakiwa kwamba yeye ndiye aliyeitumia alama, na hilo hakulifanya, wala asingeweza kulifanya hata angetaka. Lebo zile zilikuwa za plastiki inayobanwa kwa joto kwenye chupa, zimechapwa kwa roli, kazi ya mashine ambayo mimi mwenyewe siwezi kuinunua nikiuza shamba la baba yangu. Hakuna aliyeliuliza swali hilo, kwa sababu aliyekiri haulizwi maswali mengi.

Usiku kwenye seli alikuwa ameshashauriwa na wazoefu: kubali, utatozwa faini, utatoka. Ukikana utaenda rumande, utatafutiwa mdhamini mwenye hati ya shamba, na kesi itaahirishwa hadi uchoke. Siwezi kuuita ushauri huo wa kijinga. Nimekaa kwenye masjala nikaona kesi ndogo zikisukumwa kutoka mwezi huu hadi ujao kwa sababu shahidi hakuja, au faili halikuonekana, au hakimu amepata uhamisho. Muuza duka anayefunga duka siku ya soko ili aende kusikiliza tarehe mpya anapoteza zaidi ya ile faini. Nduguze walichanga kwa M-Pesa, na jioni akawa nyumbani. Kilichomleta kwangu kilikuja baadaye, alipotaka kuomba zabuni ya kuuzia shule ya bweni vyakula, akahitaji cheti cha tabia njema. Hapo ndipo alipojua kuwa faini hulipwa ikaisha, lakini hatia hubaki kwenye kumbukumbu.

Sasa tuingie kwenye sheria, na nitajitahidi kuisema kama tunavyoisema korido za mahakama. Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kifungu cha 348, inasema kwamba aliyekiri kosa mbele ya mahakama ya chini na kuhukumiwa kwa kukiri kwake hana rufaa, isipokuwa kuhusu ukubwa wa adhabu au uhalali wake. Yaani unaweza kumwendea jaji wa Nyamira ukamwambia faini ni kubwa mno. Huwezi kumwendea ukamwambia hukutenda. Kifungu kinachofuata, cha 349, kinakupa siku 14 za kukata rufaa tangu siku ya hukumu. Mahakama inaweza kukuongezea muda ukiwa na sababu nzuri, lakini kutojua sheria si sababu ambayo majaji huipenda.

Limebaki tundu moja tu, nalo lilitobolewa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1973 katika kesi ya Adan dhidi ya Jamhuri. Majaji wale waliweka hatua ambazo hakimu lazima azifuate kabla ya kuamini kwamba mtu amekiri. Shtaka na kila kipengele chake lielezwe kwa lugha anayoielewa mshtakiwa. Majibu yake yaandikwe, kadiri iwezekanavyo, kwa maneno yake mwenyewe. Upande wa mashtaka usome maelezo ya kilichotokea, naye apewe nafasi ya kuyapinga au kuongeza lake. Akipinga, au akisema jambo linaloonyesha hakukusudia kukiri, hakimu aandike kwamba amekana, na kesi isikilizwe. Miaka zaidi ya 50 imepita, na hatua hizo bado ndizo majaji wetu huzirudia kila wanapofungua faili la mtu aliyekiri. Katiba ya 2010 ikaongeza nguvu: Ibara ya 50 inampa mshtakiwa mkalimani bila malipo, muda wa kutosha wa kujitetea, na haki ya kuonyeshwa mapema ushahidi utakaotumiwa dhidi yake.

Kwa hiyo nikamwambia yule mama na bintiye waombe nakala ya mwenendo wa kesi. Ilikuwa kurasa chache mno. Maelezo yaliyosomwa yalieleza tarehe, duka, idadi ya katoni, na kwamba alama haikuwa na kibali. Hayakusema nani aliitia alama ile. Hayakusema kwamba mama alijua. Hayakutaja kama kuna mtu aliyelitafuta lile gari. Kama maelezo yenyewe hayamwonyeshi mshtakiwa akitenda kosa aliloshtakiwa, basi "ni kweli" yake haina cha kushikilia, na hiyo ndiyo hoja aliyoiweka kwenye ombi lake, pamoja na ombi la kuongezewa muda. Linasubiri tarehe, kwa hiyo sitalijadili zaidi ya hapo.

Linganisha na mtu aliyekana, kesi ikasikilizwa, akapatikana na hatia. Huyo ana rufaa nzima. Tangu uamuzi wa Okeno dhidi ya Jamhuri wa mwaka 1972, jaji wa rufaa ya kwanza ana wajibu wa kuupima upya ushahidi wote na kufikia uamuzi wake mwenyewe, huku akikumbuka tu kwamba hakuwaona mashahidi wakitoa ushahidi. Na kesi za alama ya ubora zina mengi ya kupimwa. Je, afisa anayeshika rejista ya vibali aliitwa, au tuliambiwa tu kwamba kibali hakipo? Sampuli zilichukuliwa mbele ya nani, zikafungwa vipi, zikafika maabara siku gani? Orodha ya vilivyochukuliwa ilitiwa sahihi na mwenye duka au aliambiwa atie sahihi baadaye kituoni? Chupa iliyoletwa mahakamani ndiyo iliyotoka dukani? Shtaka lilisema "alitumia alama", "aliuza" au "alimiliki", na ushahidi ulithibitisha lipi kati ya hayo? Wakili wa kawaida kabisa anaweza kufanya kazi na maswali hayo. Kwa aliyekiri hakuna hata moja la kuuliza, kwani hakuna shahidi aliyepanda kizimbani.

Lakini nisiwapoteze wanaofikiri rufaa ni bahati nasibu isiyo na hasara. Kifungu cha 354 kinampa jaji uwezo wa kubatilisha, kuamuru kesi isikilizwe upya, kupunguza adhabu, na pia kuiongeza. Na ukitoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani kule Kisumu, utasikilizwa juu ya hoja za sheria tu. Ya nani alisema nini dukani yatakuwa yamekwisha.

Wakubwa wanaijua thamani ya kutokiri siku ya kwanza. Juni 2018, wakati Fred Matiang'i, mzaliwa wa Borabu huku kwetu, akiwa Waziri wa Usalama wa Ndani na kutangaza kwamba sukari ya magendo iliyonaswa ilikuwa na zebaki, aliyekuwa mkurugenzi mkuu wa KEBS alikamatwa pamoja na maafisa wengine katika sakata la mbolea iliyodaiwa kuwa na zebaki pia. Walifikishwa mahakamani Nairobi wakiwa na mawakili, na wakakana. Mwaka 2024 likaja sakata jingine la mbolea, ile ya bei nafuu ya shilingi 2,500 kwa mfuko iliyopitia maghala ya bodi ya nafaka, NCPB. Waziri wa Kilimo wa wakati huo, Mithika Linturi, alishikilia kwamba mbolea ile haikuwa bandia bali haikufikia viwango tu. Mei mwaka huo wabunge 149 walipiga kura kuunga mkono hoja ya kumng'oa, na kamati ya wabunge 11 iliyoundwa kuchunguza ikasema tuhuma hazikuthibitishwa. Hakuna popote katika habari hizo ambapo mtu alisimama siku ya kwanza akasema "ni kweli". Na sisemi walikosea. Walitumia haki yao: walidai upande wa pili uthibitishe. Ninachouliza ni kwa nini haki hiyo inaonekana kuwa ya watu wenye suti, ilhali mwenye duka la mabati anaiona kama ujeuri mbele ya hakimu.

Najua nitaambiwa nawatetea wanaoua watu. Hapana. Mwaka 2004 watu 125 walikufa huko Makueni, Kitui na jirani zao kwa sumu ya aflatoksini, na mahindi mengi waliyokula hayakuwa yamepita mikononi mwa mkaguzi yeyote. Mtu akisoma habari hizo hawezi tena kuidharau alama ya ubora. Februari 2024 watu zaidi ya 10 walikufa Kirinyaga baada ya kunywa pombe yenye sumu, na iliripotiwa kwamba pombe ile ilitoka kwenye vielelezo vilivyokuwa vimehifadhiwa kituo cha polisi. Vielelezo! Mzigo uliokwisha kunaswa, ukarudi sokoni. Ndiyo maana nasema kukiri kwa haraka si faida hata kwa walaji: kielelezo ambacho hakikuletwa mahakamani hakichunguzwi na mtu, hakihesabiwi mbele ya mtu, na hakuna anayejua kilienda wapi.

Anayetaka kuwalinda walaji amtafute mchapaji, na hapa nazungumza kuhusu kazi yangu. Lebo haijifichi. Ina mchoro, na mchoro umetumwa na mtu kwa WhatsApp au kwa barua pepe. Ina roli la plastiki lililonunuliwa kwa muuzaji mmoja kati ya wachache. Ina silinda au bamba la kuchapia lililotengenezwa kwa kipimo cha chupa ile, na aliyelitengeneza hakufanya bure. Ina malipo ya M-Pesa yenye jina. Mpelelezi akianzia kwenye roli, atafika kiwandani. Akianzia na kuishia kwenye rafu ya Ekerenyo, atapata kesi rahisi, faini rahisi na takwimu nzuri ya mwisho wa mwaka, na wiki inayofuata gari lilelile litapita Itibo na Magwagwa likiuza katoni zilezile.

Isitoshe, alama halali nayo humgeuka muuza duka. Novemba 2019 KEBS ilisimamisha vibali vya chapa tano za unga wa mahindi kwa sababu ya aflatoksini iliyozidi kiwango kinachoruhusiwa, mikrogramu 10 kwa kilo. Zilikuwa chapa zilizojaa kila duka nchini. Januari 2020 zikaongezwa nyingine 17. Jana yake unga ule ulikuwa na alama halali, nambari halali, kibali hai. Leo yake alama ni ileile, nambari ni ileile, na kibali kimesimamishwa kwa barua iliyoandikwa Nairobi. Muuza duka wa Bomwagamo asiye na gazeti wala Twitter angejuaje? Wapo waliopata habari kwa wateja, wapo waliozipata unga ukiwa umekwisha kuliwa.

Kisha yapo ya mpakani. Sabuni, juisi na biskuti za Tanzania hupita Isebania zikafika kwetu zikiwa na alama ya TBS, kama vile za Uganda zinavyofika na Q ya UNBS. Jumuiya ya Afrika Mashariki ina sheria yake ya viwango na upimaji ya mwaka 2006, inayozitaka nchi wanachama zitambue alama za ubora za wenzao. Muuza duka anayeshtakiwa kwa bidhaa kama hiyo ana jambo zito la kulisema mahakamani. Atalisema lini, kama ameshakiri?

Kwa hiyo, wenzangu wa madukani, kabla hujalipa, soma nambari iliyo chini ya alama na uitume kwa 20023. Jibu likitaja bidhaa nyingine au kampuni nyingine, mzigo usishuke garini. Dai risiti yenye jina na nambari ya simu, na muuzaji akikataa, piga picha nambari ya gari. Hakuna sheria inayokukataza kupiga picha gari lililosimama mbele ya duka lako. Ukilipa, lipa kwa M-Pesa, usilipe taslimu, ili jina la mpokeaji libaki kwenye simu yako. Vitu hivyo vitatu ndivyo hugeuka kuwa utetezi baadaye.

Na ukishtakiwa, omba usomewe kwa Ekegusii kama Kiswahili cha mahakama kinakupiga chenga. Si aibu, na mkalimani analipwa na serikali kwa kazi hiyo. Kama hukuitia alama wewe, sema si kweli, na useme kwa nini: nilinunua kwa fulani, siku fulani, nambari yake ya simu hii hapa. Omba nakala za taarifa za mashahidi. Omba dhamana nafuu, ukieleza kwamba una duka na watoto na hutoroki. Hakimu hatakasirika. Nimefanya kazi na mahakimu wengi, na niliowaona wakikasirika ni wale walioambiwa "ni kweli" asubuhi, kisha saa ya adhabu mtu akaanza kulia kwamba hakujua.

Waendesha mashtaka nao wana la kufanya, tena bila kungoja sheria mpya. Ofisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma ina sera ya kuzielekeza kesi ndogo nje ya mahakama. Mtengenezaji mdogo wa njugu ambaye kibali kimemwishia, na sampuli zake zikapimwa zikawa safi, anafaa kupewa muda wa kuhuisha kibali na kuondoa lebo sokoni, si kupewa nambari ya kesi ya jinai. Muuza duka mwenye risiti na simu ya aliyemuuzia anafaa kuwa shahidi wa kwanza wa serikali dhidi ya mwenye gari. Ukimfanya mshtakiwa, umempoteza shahidi pekee aliyemwona mlaghai uso kwa uso, na akishakiri hana tena sababu ya kukuambia lolote.

KEBS nayo ina kampeni yake ya kuwahamasisha walaji, Wajibika na KEBS, na nasikia matangazo yake redioni. Nayapongeza. Ila hapa Ekerenyo ndiyo makao ya kaunti ndogo ya Nyamira Kaskazini. Ubao wa matangazo upo, machifu wana mikutano, na vituo vya redio vya Ekegusii vinasikika hadi kwenye majani chai. Kila kibali kinaposimamishwa, karatasi moja yenye jina la bidhaa na tarehe ibandikwe ubaoni, isomwe redioni, iachwe kwa machifu. Wakinitumia nakala kwa barua pepe, nitaichapa mwenyewe na kuibandika kwenye dirisha la kibanda, na sitamtoza mtu senti.